Nusu na Ushei

Aliyenisukuma alivaa kandambili na soksi, na kimo chake kilinifika kwenye kifungo cha pili cha shati kutoka chini. Hakunisukuma kwa hasira, hasira ningeijibu. Alinisukuma kwa huruma, kwa viganja viwili vilivyojaa mchuzi wa piza, kama mtu anayerudisha kiti mahali pake, huku akinieleza kwa adabu zote: "Wewe ni nusu na kipande kimoja cha nane. Huyu ni nusu na kipande kimoja cha kumi. Kwa hiyo unasogea huku." Nikasogea. Mtu mzima, ambaye harusini napewa kiti cha mbele, nikasogea sentimita 22 na nusu mbele ya wazazi wa darasa zima la nne. Kipimo hicho nitakithibitisha baadaye. Lile shati mama watoto amekataa kulifua. Anataka kwanza mashemeji walione kwenye video.

Shule za msingi za hapa College Park, jimbo la Maryland, na Marekani kwa jumla, zina desturi ya kuwaita wazazi jioni moja waje kucheza hesabu na watoto wao. Narudia: kucheza. Nilikosoma mimi hesabu haikuchezwa, ilikabiliwa. Huku unakuta piza, juisi za vipaketi, mwalimu mchangamfu asiyeshika hata rula, na kila mzazi anabandikwa jina kifuani ili aaibike kwa jina lake kamili. Mimi niliambiwa kuna piza. Habari za kamba sikuambiwa.

Kamba ilifungwa kwenye mguu wa jokofu la maziwa, ikakatiza ukumbi kama mita tisa hivi, ikaishia kwenye nguzo ya mpira wa kikapu, kwa sababu ukumbi ule wa kulia ndio huohuo wa michezo. Jokofu ni sifuri. Nguzo ni moja. Kila mzazi akavishwa kadi shingoni, yenye sehemu au yenye desimali, akaambiwa atafute mahali pake kati ya maziwa na kikapu. Waamuzi ni watoto. Kadi yangu iliandikwa 5/8.

Ndugu msomaji, usinicheke kabla hujavaa kadi. Sehemu ikiwa ndani ya daftari unaweza kuifunga na kwenda kunywa chai. Ikining'inia kifuani, watu wanakusoma. Majirani zangu kwenye kamba walikuwa hawa: kijana mwenye ndevu, wa chuo kikuu nadhani, mwenye 0.6; bwana mmoja wa suti mwenye 0.58, mama mmoja Mwethiopia mwenye 7/12, na bibi mmoja mwenye 2/3 aliyevuta kiti akaketi pale alipopapenda yeye, na katika watoto wote wale hakuna aliyethubutu kumgusa.

Ukutani projekta ilionyesha saa inayohesabu kurudi nyuma. Nikaanza kazi. Njia ninayoijua ni kugawa: 5 kwa 8. Nane haiingii kwenye tano, andika sifuri, weka nukta, sasa ni hamsini. Na hapo ndipo penye shida, maana jedwali la kuzidisha mimi nililisoma kwa kuimba, lile lililochapwa nyuma ya daftari, na wimbo hauanzii katikati. Ili nifike nane mara sita, sharti nipitie nane mara moja, kwa sauti, kwa mahadhi yaleyale ya darasani, kichwa kikienda huku na huku. Nane mara moja nane, nane mara mbili kumi na sita. Waliokuwa karibu walidhani nasoma dua, wakanipisha kidogo. Nane mara sita arobaini na nane, baki mbili. Sasa ni ishirini. Wimbo tena tangu mwanzo. Kumi na sita, baki nne. Nilikuwa nimefika 0.62, na baki yangu nimeiandika kwa kidole kiganjani isipotee, ndipo mikono ya mchuzi iliponifikia ubavuni. Kichwa kilikuwa kimeshavuka 0.6. Miguu ndiyo haikuwa imepata taarifa.

Dhuluma yenyewe ndiyo hii. Bwana wa suti alisimama na 0.58 yake mbele ya 0.6, kifua wazi, kwa hoja kwamba hamsini na nane ni nyingi kuliko sita. Wakamcheka, akacheka nao, akapigiwa makofi kwa ushujaa wake. Mimi nilikuwa sahihi, nimebakiza tarakimu moja tu, nikasukumwa.

Mwalimu akanijia. Alikuwa ameona kiganja changu.

"Umejuaje kwamba ni 0.625?"

"Nimegawa."

"Safi sana. Na kwa nini umegawa?"

Nilikosoma mimi "kwa nini" aliulizwa aliyechelewa tu, na jibu lake hakuna aliyelisubiri. Nikasema kile kistari kati ya 5 na 8 maana yake gawanya. Akatabasamu, akawageukia watoto: "Tumshukuru baba huyu kwa kutuonyesha njia ya jadi." Ya jadi! Kana kwamba nimekuja na ngoma na manyanga. Watoto wakapiga makofi. Binti yangu hakupiga. Alikuwa nyuma ya meza ya piza, anahesabu leso za karatasi moja moja. Kwenye gari ndipo alipofungua mdomo. "Baba, jibu lako lilikuwa sawa. Lakini kwa nini ulikuwa unaimba?"

Ndani ya mji huuhuu upo uwanja wa ndege uliofunguliwa mwaka 1909, mkongwe kuliko wote duniani ambao haujawahi kusimama kazi. Oktoba ya mwaka ule Wilbur Wright aliwafundisha hapo maofisa wawili wa jeshi kurusha ndege, na mwezi ulipokwisha walikuwa wanaruka wenyewe. Najitahidi nisilifikirie jambo hilo ninapopita, mimi niliyeshindwa kuifikia 5/8 bila kuimba.

Kinachonikera zaidi ni kwamba njia ya yule mtoto ni nzuri. Nilikaa nayo usiku kuitafutia kasoro, sikuipata. Tazama. Nusu ya nane ni nne, kwa hiyo 5/8 ni nusu na kipande kimoja cha nane juu yake. Nusu ya kumi ni tano, kwa hiyo 0.6, yaani sita za kumi, ni nusu na kipande kimoja cha kumi. Nusu kwa nusu zinafutana. Limebaki swali moja: kipi kikubwa, 1/8 au 1/10? Na hilo halitaki hata kalamu, maana kitu kilekile wakigawana wanane kila mmoja anashiba kuliko wakigawana kumi. Kwisha. Hakuna baki, hakuna wimbo, hakuna kuandika kiganjani. Tofauti ya 1/8 na 1/10 ni 0.025, na 0.025 ya kamba ya mita tisa ni sentimita 22.5. Niliahidi kuthibitisha.

Sisi tulipewa KDS, kigawe kidogo cha shirika. KDS ya 8 na 10 ni 40. 5/8 inageuka 25/40, 6/10 inageuka 24/40. Ishirini na tano inazidi ishirini na nne. Piga mstari, funga daftari, subiri kuchapwa kwa mwandiko mbaya. Siisemi vibaya KDS. Haijawahi kumdanganya mtu. Ila inakupa mshindi bila kukuonyesha uwanja: nimeishi na 5/8 tangu utotoni pasipo kujua kwamba ni nusu na ushei, inakaa pale, karibu na katikati, upande wa nguzo. Na ajabu ni kwamba mtaani tulijua. Mtoto aliyetumwa sukari robo akirudi na pungufu alikamatwa kwa kukishika kifurushi tu, kabla hakijafunguliwa. Mwanamke anayepima dagaa kwa kopo alijua robo tatu iko wapi bila mstari wowote ndani ya kopo. Lakini duka na shule havikuwa vikisalimiana. Ukiingia darasani uliacha nusu yako mlangoni, pamoja na viatu kama ulikuwa navyo.

Nirudi kwa yule mama wa 7/12, kwa sababu kisa chake na bwana wa suti kinastahili kukumbukwa. Bwana alipotolewa mbele ya 0.6 alirudishwa nyuma, akamkuta mama. Nani atangulie? Mama ni nusu na 1/12. Bwana ni nusu na 0.08. Ukigawa 1 kwa 12 unapata 0.08333, na tatu hizo haziishi. Ukizifuata utafika Baltimore hazijaisha. Kwa hiyo mama yuko mbele, lakini kwa kiasi gani? Kwa 1/300. Kwenye kamba yetu hizo ni sentimita tatu. Watu wazima wawili wasiojuana, kila mmoja na mwenzi wake ukumbini, walitakiwa na hisabati kusimama wameachana sentimita tatu. Mwalimu alitazama pembeni. Mama ndiye aliyeamua: akainua kadi yake juu kwa urefu wa mkono, yeye mwenyewe akabaki mbali.

Na kwa nini 1/8 inatulia kwenye 0.125 wakati 1/12 haitulii? Hili nililisoma mpaka chai ikapoa. Desimali ni utawala wa kumi, na kumi imezaliwa na 2 na 5 tu. Asili yoyote, yaani namba ya chini, iliyojengwa kwa 2 na 5 peke yake, kama 8, 20, 40 au 125, inapokelewa na kupewa mwisho. Ikiingia 3 au 7 na isifutike na kiasi kilicho juu, basi, desimali inakimbia milele. Moja ya saba ni 0.142857, kisha 142857 tena, kisha tena. Chukua 142857 uzidishe kwa 2: 285714. Kwa 3: 428571. Tarakimu sita zilezile, kwa mpangilio uleule, zinazunguka tu na kubadilishana nani atangulie. Nilikwenda kumwamsha binti yangu nimwonyeshe. Akaniambia kesho ana shule.

Wenye desimali walituahidi mengi. Al-Uqlidisi alikuwa anazitumia Damascus katika karne ya kumi. Al-Kashi akazieleza kwa kirefu kule Samarkand mwaka 1427. Na mwaka 1585 Simon Stevin, mzaliwa wa Brugge, akatoa kijitabu cha Kiholanzi, De Thiende, kilichowaahidi wapima ardhi, wapima mazulia na wapima mapipa ya divai kwamba tangu sasa hesabu zote zitafanyika kwa namba nzima, bila sehemu. Bila sehemu, 1585! Nchi hii ilimsikiliza kwa sikio moja. Sarafu yake ikafanywa ya desimali mwaka 1792, lakini bei za hisa kule New York zikaendelea kutajwa kwa thumuni na kwa sehemu za 16 hadi mwaka 2001. Ukishuka Baltimore Avenue mpaka leo, ubao wa sheli unakuandikia dola na senti kwa desimali, halafu pembeni, kwa herufi za aibu, 9/10 ya senti.

Wala Wamarekani wenyewe sehemu hizo hawazielewi. Alfred Taubman, aliyekuwa mmiliki wa migahawa ya A&W, alisimulia kwamba miaka ya 1980 waliuza baga ya theluthi ya ratili ili kuishinda ile ya robo ratili ya McDonald's. Nyama zaidi, bei sawa, na walioonja waliisifu. Haikuuzika. Walipowaita wateja na kuwauliza, wengi wakalalamika: kwa nini tulipe bei ileile kwa nyama pungufu? Tatu, walisema, ni ndogo kuliko nne. Huwa nakisimulia kisa hiki kwa furaha isiyo na adabu.

Mzee mmoja wa Tanga anayekaa Langley Park, ambaye hupigiwa simu agawe mirathi ya Kiislamu kila anapofariki mtu mwenye mali, alinisikiliza mpaka mwisho, akanywa maji, akasema: "Na wewe uliyesoma, haya. Mtu kafa, kaacha mke, mabinti wawili, baba na mama. Mke ana thumuni. Mabinti theluthi mbili. Baba sudusi, mama sudusi. Tia yote kwenye 24." Nikatia: mke 3, mabinti 16, baba 4, mama 4. "Jumlisha." Ishirini na saba. Mafungu 27 kwenye mali ya mafungu 24. "Sasa nani hapewi?" Nikanyamaza. "Wote wanapewa, mwanangu. Unaikuza asili mpaka 27. Mke anabaki na tatu zake, ila sasa ni tatu ya 27. Alikuwa na thumuni, ana tusui." Imepokewa kwamba Ali bin Abi Talib aliulizwa mas-ala hayo akiwa juu ya mimbari, akajibu hapohapo, akaendelea na hotuba yake; ndiyo maana wanazuoni wa Sunni huyaita mas-ala ya mimbari. Nilimfikiria mtu aliye katikati ya hotuba akiigeuza 1/8 kuwa 1/9 bila kuimba. Nikamfikiria pia mjane: namba ya chini imekua, fungu lake limenywea, na hakuna aliyegusa tatu zake.

Mengine yaliyonipata tangu jioni ile hayana uzito. Kaunta ya nyama za kukatwa niliomba theluthi ya ratili, mizani ikaandika 0.33, kijana akaniuliza kama nataka aendelee. Shemeji yangu, chini ya gari lake, aliomba spana iliyo chini kidogo ya 1/2, na sanduku lilikuwa na 7/16 na 15/32. Hatukuzungumza hadi jioni. Pazia la sebuleni ni fupi kwa inchi 3/8.

Lipo moja la kwenye daftari la binti yangu. Swali: ipi kubwa, nusu ya piza au theluthi ya piza? Kabla sijamaliza kusema nusu, ananitazama. "Baba, hujauliza kama ni piza moja." Kumbe ndivyo inavyofundishwa. Viwango vya hesabu ambavyo Maryland ilivipitisha mwaka 2010 vinamtaka mtoto wa darasa la nne ajue kwamba sehemu mbili hazilinganishwi mpaka zitokane na kizima kimoja. Theluthi ya piza ya familia inaweza kuimeza nusu ya piza ya mtoto. Nililipenda sana jambo hilo. Nikaenda nalo kazini.

Kazini kwetu tunatunza wazee, kwa zamu. Zamu yangu ina urefu wa saa 7 na dakika 45. Fomu ya malipo inataka saa ziandikwe kwa desimali, na msimamizi akaandika 7.45. Aliandika hivyo kwangu, akaandika hivyo kwa mama wa Kameruni, na kwa dada wa Kisii, na kwa kila mtu aliyegeuza mgonjwa usiku ule. Hapa kizima si kimoja. Dakika 45 ni 45 ya 60, yaani robo tatu, yaani 0.75. Ile 0.45 ni 45 ya 100, na saa yenye dakika 100 hakuna. Ilikuwepo, nikubali: Wafaransa katika mapinduzi yao, mwaka 1793, waliamuru siku iwe na saa 10 na kila saa dakika 100, wakachoka, mwaka 1795 wakaachana nayo. Msimamizi wetu angekuwa sahihi kabisa Paris ya 1794. Lakini tuko Maryland, ambako tangu Januari 2024 kima cha chini ni dola 15 kwa saa, na 7.75 ukitoa 7.45 ni 0.30 ya saa, dakika 18, dola 4.50. Kila zamu. Kwa kila mtu. Hapo sikuhitaji wimbo.

Na kuna kitu ndani ya kosa hili ambacho sijaweza kukicheka. Chukua dakika zozote unazotaka, 10, 20, 50. Ukizisoma kama sehemu za 100 badala ya 60, zinapungua. Daima. Haiwezekani, hata mara moja, hata kwa bahati nasibu, kosa hili limwangukie mfanyakazi kwa heri. Makosa ya kawaida huenda huku na huku. Hili linajua njia moja tu, ya kwenda kwa mwajiri. Mtoto wa miaka tisa haruhusiwi kusema 5/8 inazidi 0.6 mpaka achore na aeleze amejuaje. Mwenye kalamu ya mishahara haulizwi amejuaje. Yule mama wa Kameruni alikuwa ameliona siku nyingi. Alikuwa mhasibu kwao. Nilipomwuliza kwa nini amenyamaza, alikunja shuka akasema, "Ukidai dakika watakupunguzia zamu." Shuka lilikunjwa vizuri mno.

Nikadai kwa njia ya kisasa. Nilichora. Duara la saa, robo tatu nimeipaka rangi. Pembeni mraba wa vijumba 100, vijumba 75 vimepakwa, na vijumba 30 kati yake nimevizungushia wino mwekundu, ndivyo vinavyokosekana. Ningekuwa darasa la nne ningepewa nyota. Msimamizi aliutazama mchoro kwa muda, na nimtendee haki, uso wake ulifunguka. "Oh! Nimekuelewa. Nakudai... hapana, unatudai dakika 18 kwa kila zamu." Akaniomba radhi. Akaahidi kwamba malipo yanayofuata yatakuwa na marekebisho kwa wote.

Yalikuwepo. Hati ya mshahara ilikuja na mstari mpya, marekebisho ya saa kwa kila zamu: 0.18.

Naomba utulie nami hapa. Dakika 18 ni 0.30 ya saa. Yeye alilipa 0.18 ya saa, ambazo ni dakika 10 na sekunde 48. Zimebaki dakika 7 na sekunde 12 kwa zamu. Nikabisha hodi tena, na mchoro mpya. Safari hii aliniwahi. Sheria ya kazi ya Marekani inamruhusu mwajiri kukadiria muda wa kuingia na kutoka kwa robo saa iliyo karibu, mradi mwisho wa yote asimpunje mfanyakazi. Kwa desturi yao dakika 8 hupandishwa zikawa robo nzima, na dakika 7 hushushwa zikawa si kitu. Sheria hiyo inahusu saa ya mlangoni, haihusu deni, nikamwambia. Akaiweka kalamu juu ya dakika zangu 7, akaandika 0.00, na hiyo nimeikagua kwa KDS na kwa mchoro, haina kosa hata moja.